Akina Haralambie Wawili wa Mtaa Mmoja

Tangu asubuhi Hakimu Haralambie Stamatin alikuwa amejibanza nyuma ya pazia, akiitazama nyumba ya ng'ambo ya barabara kwa jicho ambalo lingeweza kuyeyusha theluji yote ya Februari. Ilikuwa siku ya Mtakatifu Haralambie, na siku hiyo mwenye jina la mtakatifu huyo haaliki mtu. Huandaa meza, hukaa kwake, na watu huja wenyewe. Asiyekuja, naye amesema lake.

Shida ni kwamba mtaa ule ulikuwa na Haralambie wawili. Wa pili, Haralambie Pruteanu, alisoma sheria pamoja na Stamatin kule Iaşi, wakawa mahakimu pamoja, wakakohoa pamoja kwa moshi wa jiko moja bovu la mahakama. Kisha Pruteanu akavua joho, akaingia siasa, akapata ubunge, na sasa ni naibu waziri wa sheria huko Bukaresti. Leo amerudi kusherehekea kwao. Miaka yote wageni walianzia kwa Stamatin. Leo hata paka hajabisha hodi.

"Mwenye duka la dawa huyo anaingia," Stamatin aliguna. "Na wakili Zamfir! Mtu niliyemvumilia mahakamani akinisomea sheria zilizokwisha kufutwa!"

"Ukizidi kulivuta hilo pazia litakuangukia," alisema mkewe, Profira, aliyekaa mezani akilinda vifurushi vya kabichi na nyama visipoe. "Aliye juu mngoje chini, mume wangu."

"Nimngoje hadi lini? Mimi ndiye niliyekuwa nikimsahihishia hukumu zake! Profira! Hata padri!"

"Padri anafuata harufu ya bata bukini. Nilikwambia tununue bata."

Mchana karani wa posta alipita mbio, simu ya maandishi mkononi, akaingia ng'ambo. Vicheko vya kule vikakatika ghafla. Punde lango likafunguka, wageni wakatoka mmoja mmoja wakifuta midomo, maua yaleyale waliyokuja nayo mikononi, wakavuka barabara.

"Uishi miaka mingi, Bwana Hakimu!" wakili Zamfir alipaza sauti mlangoni. "Safari yangu tangu asubuhi ni kwako. Pale nilipita tu kupasha miguu moto."

"Pole," alisema Profira. "Miguu yako ni migumu kupata moto."

Padri alikwisha kutia kifurushi kinywani. "Serikali imeanguka," alinong'ona. "Mfalme kawafukuza wote. Mwenzako si naibu wa chochote."

Stamatin alimimina pombe ya plamu mpaka ikafurika mezani. Nyumba ilijaa! Akachungulia dirishani, akauona uso wa Pruteanu nyuma ya pazia la ng'ambo, umepauka. Asali gani tamu kama hiyo?

Mara hodi. Pruteanu mwenyewe, chupa kwapani! Watu waliduwaa, maana mwenye sikukuu hatoki kwake siku ile hata paa liwake moto.

"Wanywaji wangu wote wako huku," alisema, akikung'uta theluji kofiani. "Nimewaletea chupa mliyoisahau kwa haraka ya kunikimbia."

Kisha padri akapaliwa na kicheko, mtu akasogeza kiti, na Zamfir akauliza, "Hebu tuambie, mheshimiwa, ilikuwaje?"

Pruteanu akaitoa ile simu ya maandishi, ndefu kama hukumu, akaanza: jinsi waziri alivyojifungia chumbani na kugoma kurudisha funguo, na bawabu alivyomnyang'anya mwavuli wa serikali nje kukinyesha. Viti vyote vikamgeukia. Stamatin akabaki na sinia mkononi, kama mtumishi katika sikukuu yake mwenyewe.

"Wote wako kwako," Profira alimnong'oneza. "Si ndivyo ulivyotaka?"

"Unamwona?" Stamatin alisaga meno. "Hata kuanguka, ameanguka vizuri kuliko mimi nilivyosimama!"

Akatua sinia kwa kishindo, akaburura kigoda mpaka magotini pa Pruteanu, akaketi.

"Enhe," alisema, amenuna. "Na zile funguo, akazitoa?"