Miguu ya Bitutu

Esnah alikuwa amechuma chai hadi nusu ya kikapu, alasiri ya Jumanne moja mwezi wa Aprili 1991, mvua ya mawe iliponyesha Magwagwa. Alijifunika gunia kichwani, akakimbilia jikoni. Mvua ilipokatika, mawe yalikuwa yamejaa kwenye shamba lake la bondeni, yameshikana na kuwa barafu moja laini. Jua likawaka siku tatu mfululizo. Barafu ya majirani iliyeyuka. Yake haikuyeyuka, si mwaka ule wala miaka iliyofuata. Ng'ombe wakazoea kupita kando.

Bintiye, Bitutu, alikuwa na miaka kumi na sita. Kila jioni baada ya kuchota maji alishuka bondeni kuteleza. Onchiri, mhunzi wa sokoni, alimfulia vyuma viwili kutoka kwa springi ya lori na kuvikaza chini ya viatu vyake vya shule. Kufikia mwaka wa tatu, Bitutu aliweza kuruka, kuzunguka mara tatu hewani na kutua kwa mguu mmoja bila kishindo. Usiku mama yake alimkanda vidole kwa maji ya chumvi. Kanisa lilimchangia nauli, akaenda kushindana ng'ambo, akarudi bingwa. Esnah aliitundika medali ukutani, karibu na kalenda.

Mwaka wa 1995 wakaja watu wa filamu. Bitutu alitia sahihi kurasa kumi na mbili za Kiingereza, akavishwa soksi ndefu zenye rangi ya ngozi ya mtu mwingine, akateleza mbele ya kamera wiki tano.

Filamu ilipofika Kisii mjini, katika ukumbi wa sinema wa Bipin, mama na binti walivaa nguo za kanisani wakaketi mstari wa mbele. Kwenye pazia alitokea mwanamke mwenye nywele za dhahabu, akatabasamu, kisha ikaonekana miguu.

"Hiyo ni miguu yako," Esnah alinong'ona.

"Ni yangu."

"Na uso?"

"Uso ni wa mwingine, mama."

Mwishoni majina yalipanda juu polepole. Bitutu aliyasoma yote. La dereva lilikuwepo. Lake halikuwepo. Alipotaka kuinuka, miguu haikumwitikia. Ilikuwa ya baridi na nyepesi kama nguo tupu, kwa maana ilikuwa bado kazini kule juu. Taa zilipowashwa ikarudi, imelowa.

Bipin, mwenye ukumbi, aliomba auone mkataba. Aliusoma akiwa amesimama mlangoni, huku mkewe Ramila akiwamiminia chai.

"Ukurasa wa tisa," alisema. "Miguu ni mali ya filamu, popote inapoonyeshwa."

"Sasa tufanyeje, mzee?" Esnah aliuliza.

"Nakala yangu nitaizima leo, mama. Ya Kisumu siwezi. Ya ng'ambo ndiyo siwezi kabisa."

Alitimiza neno lake, hakuionyesha tena. Lakini filamu ilipendwa huko kwingine, na kwingine ni kukubwa. Bitutu alishinda kwenye kigoda mlangoni pa jikoni, akimenya ndizi, akingoja miguu itoke kazini. Mashindano yakampita. Barafu ilibaki bondeni bila mtu.

Siku moja gazeti liliandika kwamba yule mwanamke wa nywele za dhahabu amepewa tuzo, naye alisema alifanya mazoezi hadi vidole vikatoka damu. Bitutu alimsomea mama yake habari hiyo yote, bila kuruka neno.

"Vidole vilivyotoka damu," Esnah alisema, "nilivikanda mimi."

Esnah alifariki Desemba 1998, wiki ambayo televisheni za mbali zilikuwa zikionyesha filamu ile kwa ajili ya Krismasi.

Jeneza lilitoka nyumbani saa saba mchana. Miguu ilikuwa imeondoka saa sita na nusu. Loice, jirani yao, na akina mama watatu walimbeba Bitutu kwenye kiti hadi kaburini, akatupa udongo akiwa ameketi. Alilia bila sauti. Mahali fulani, saa ileile, miguu yake ilikuwa ikicheza na watu wakipiga makofi. Kisha wakamrudisha nyumbani, na waombolezaji wakaenda kula.

Saa tisa miguu ikarudi, vipande vya barafu vikiwa katikati ya vidole.

"Imeisha?" Loice aliuliza.

"Imeisha. Lakini visigino bado ni baridi. Wataanza tena kwingine."

Loice akaiondoa sahani mapajani mwa Bitutu. "Basi nenda sasa hivi."

Bitutu aliteremka peke yake, akapita barafu, akafika kwenye udongo mbichi. Hakuketi. Alisimama pale na mama yake mpaka miguu ilipoitwa.