Posa kwa Njia ya Linki

Nimekwenda posa kumi na saba katika maisha yangu na sijarudishwa hata moja. Nasema hivyo kwa majivuno kabisa, kwa hiyo msihangaike kunitafutia unyenyekevu. Kuanzia Kondoa kwetu mpaka hapa Zuzu ninapoishi, kijana akitaka kuoa na akawa na akili zake timamu, ananitafuta mimi Shaaban, mstaafu wa ofisi ya ardhi, mwenye kanzu mbili za heshima na maneno ya kutosha. Hii ninayowasimulia ilikuwa ya kumi na nane.

Muoaji aliitwa Halfani. Marehemu baba yake alikuwa rafiki yangu, na kabla hajafa aliniomba nimwangalie kijana. Halfani anafanya kazi ya kompyuta katika ofisi moja pale mjini, na watu wa kompyuta, kama mnavyowajua, hawana tatizo duniani ambalo halitatuliwi kwa kuzima na kuwasha. Alikuwa amempenda Naima, muuguzi wa hapa hapa mjini, binti wa Adamu. Adamu ni mtu wa kwetu, ila mwaka wa pili huu yeye na mkewe wako Uingereza kwa mwanawe wa kwanza. Alikwenda kutibiwa nyonga, nyonga ikapona, yeye akabaki.

Zamani baba wa binti akiwa mbali ulipanda basi ukamfuata. Safari hii niliarifiwa kwamba posa itakwenda kwa simu ya video, na kwamba mzee Adamu ana masharti. Iwe Jumamosi, saa kumi alasiri kwa saa za huku. Iwe kwenye ule mtandao wa video wa aifoni aliyonunuliwa na mwanawe, kwa sababu WhatsApp aliifuta baada ya kuchoshwa na magrupu ya ukoo, na hapo mimi sikumlaumu. Halafu, kama jambo dogo tu la kumalizia, akasema Jumapili anatarajia wageni wengine, familia kutoka Birmingham yenye kijana daktari, na yeye hapendi kuwaweka watu roho juu. Maana yake ilikuwa wazi. Tukishindwa Jumamosi, Jumapili Naima anaposwa na mwingine. Naima alishasema hamtaki huyo daktari, lakini hakuwa binti wa kumpita baba yake.

Siku ikafika. Sebuleni kwangu tulikuwa watu watatu: mimi, Halfani na shangazi yake Kuluthumu. Tulikuwa na simu tatu, na aifoni haikuwamo hata moja.

"Wala usijali, mzee," Halfani akaniambia. "Yeye anatengeneza linki kwenye aifoni yake, anatutumia, sisi tunaifungua kwenye brauza ya Android. Hatupakui kitu chochote. Ni dakika mbili."

Brauza ni pale mahali pa intaneti ambapo mimi husomea matokeo ya mpira. Sikujua kwamba unaweza pia kupita hapo ukaenda kuposa. Nilivaa kanzu, nikavaa kofia, nikajipaka manukato ambayo Uingereza wasingeyasikia, nikakaa kwenye kiti changu kikubwa na hotuba yangu kichwani. Halfani alikuwa ameleta sinia la zabibu za Makutupora ili zionekane kwenye kamera, mzee Adamu apatamani kwao. Kuluthumu akakaa karibu nazo.

Linki ikaingia kwa meseji ya kawaida. Halfani akaibonyeza. Ukurasa ukataka jina, akaandika. Ukataka ruhusa ya kamera na maikrofoni, akatoa. Akabonyeza kujiunga, ukurasa ukatuambia tusubiri mwenye simu aturuhusu kuingia. Mimi sikuangalia alichoandika. Kazi ya kuandika niliiacha ofisi ya ardhi. Kazi yangu siku hiyo ilikuwa kusema.

Tukasubiri. Baada ya dakika moja ukurasa ukatukatalia, ukarudi pale ulipoanzia.

"Mtandao," akasema Halfani, kwa sauti ya daktari aliyeona malaria. Akahamia dirishani, akajaribu tena. Tukakataliwa tena. Akagundua brauza ni toleo la zamani, akaliboresha, tukakataliwa tukiwa na toleo jipya. Akafuta sijui kumbukumbu gani. Akachukua simu ya Kuluthumu, akaandika, akaomba, tukakataliwa kwa simu ya Kuluthumu. Hatimaye akaifikia ile dawa kubwa ya taaluma yao, akazima na kuwasha. Kwa jumla tulibisha hodi mara nane. Zabibu zilikuwa zimebaki vikonyo, na Kuluthumu alikuwa anatazama ukutani kana kwamba zimeliwa na upepo.

"Hii ni kitu ya seva," Halfani akasema, jasho linamtoka.

"Bila shaka," nikamjibu. "Hiyo seva imelelewa vibaya."

Ndipo Naima akanipigia kwenye simu yangu, kwa njia ya kawaida tu, ile ya tangu enzi za babu zetu, nayo ikapokelewa mara moja bila kumwomba mtu ruhusa. Halfani akaiweka kwenye spika.

"Mnafanya nini huko?" Naima alikuwa karibu kulia. "Mama amenipigia sasa hivi. Baba amekasirika! Anasema kuna mtu anajiposea mwenyewe. Kila baada ya muda kinakuja kidirisha, Halfani anaomba kuingia, Halfani anaomba kuingia. Anamkataa, anarudi. Anasema tangu azaliwe hajaona mtu mwenye uchu kama huyo. Anataka kuzima simu, basi, asubiri wageni wa kesho."

Mimi na Kuluthumu tukamgeukia Halfani.

Labda nieleze kwa faida ya waliooa bomani. Kwetu muoaji haendi posa. Siku hiyo anakaa kwao, anajifanya hajui kinachoendelea, hata kama ametoka kunyoa ndevu. Anayebisha hodi kwa wakwe ni mshenga. Muoaji akibisha mwenyewe, ni sawa na kutangaza kwamba hana wakubwa nyuma yake, na kwamba anamwona binti wa watu kama kitu cha kuokota njiani. Halfani alikuwa ametangaza hivyo mara nane, tena kwa maandishi.

"Lakini mzee, system inataka jina la mtumiaji," akaniambia kwa sauti ndogo. "Mtumiaji ni mimi."

"Mtumiaji ni wewe, na muoaji ni wewe. Wewe una vyeo vingi sana."

Nilikuwa ndiyo kwanza naanza kumpasha. Kuluthumu akanikatiza.

"Na wewe mshenga, ulikuwa wapi? Si umekaa hapo hapo na kofia yako, unatazama dari? Kuandika jina lako tu ulishindwa?"

Nikamkubalia kwa kichwa. Watu wanaonijua watawaambia hilo si jambo la kila siku. Alikuwa amesema kweli, na nikaona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Marehemu aliniachia kijana nimwangalie, nami nilimwacha akabishe hodi peke yake kwa sababu niliona kushika simu si hadhi yangu.

"Mzee Shaaban," Naima akasema kwenye spika, "nisaidie. Tafadhali."

"Usikate simu," nikamwambia. "Sikiliza, ila usitoe hata pumzi."

Nikamfukuza Halfani aende jikoni. Nikachukua simu yake, nikaandika kwa kidole kimoja, herufi kubwa tupu: SHAABAN MSHENGA. Nikabonyeza. Sijamaliza hata kuweka kofia sawa, mlango ukafunguliwa.

Kwanza nikaona paji la uso. Baadaye simu ikashushwa, akaonekana Adamu mzima, na nyuma yake mkewe, mwanawe, na wanaume wengine wawili watatu waliovaa masweta.

"Shikamoo, kaka," akasema Adamu.

"Marahaba, mdogo wangu."

Nimempita miaka saba. Mimi ndiye niliyemfundisha kuendesha baiskeli, na shikamoo yake naipokea tangu akiwa na kaptula. Tukaulizana nyonga, mvua, watoto, bei ya mahindi Kibaigwa. Halafu uso wake ukabadilika.

"Kaka, nimefurahi kukuona, lakini umechelewa. Leo hapa nimeudhiwa. Kuna kijana amenibishia hodi mara nane, yeye mwenyewe, kwa jina lake mwenyewe. Nikajiuliza, huyu hana mtu mzima? Mimi simpi binti yangu mtu asiye na watu. Nilikuwa nazima simu hii."

Nilikuwa na muda mfupi sana wa kufikiri. Nikisema kijana amekosea, tunamwombea radhi, ndiyo nimethibitisha hana adabu. Nikisema ni mitambo, yeye mwenyewe ameshika mtambo mkononi na ulikuwa unafanya kazi vizuri kabisa. Ulimwonyesha kila kitu. Alibaki mtu mmoja tu wa kutupiwa lawama, na mtu huyo alikuwa amevaa kanzu yangu.

"Adamu," nikasema, "Halfani hajagusa simu. Hata hapa hayupo, yuko kwao."

Jikoni sufuria ikaanguka. Kuluthumu akakohoa kwa nguvu.

"Aliyeandika jina hilo ni mimi," nikaendelea. "Ukurasa ulisema andika jina. Nikadhani wanataka la muoaji, kama kwenye fomu za zamani. Nikaandika la muoaji."

"Mara nane?"

"Mara nane."

"Kaka Shaaban. Wewe wa ofisi ya ardhi. Umeulizwa jina lako ukakosea mara nane?"

"Nimekosea mara nane."

Akanitazama. Mimi nikatazama chini kama mwizi wa kuku. Halafu akaanza kucheka, kwanza taratibu, baadaye akashika ile nyonga yake kwa mkono. "Njooni!" akawaita waliokuwa vyumba vingine. "Njooni mumwone mshenga asiyejua jina lake!" Simu ikapokezanwa. Nikaonyeshwa kwa mama, nikaonyeshwa kwa mashemeji, nikaonyeshwa kwa jirani mmoja ambaye nadhani hata Kiswahili hajui, naye akacheka vizuri tu kuliko wote. Pembeni yangu Kuluthumu alikuwa ameziba mdomo kwa mtandio na mabega yanacheza. Nilitabasamu mpaka mashavu yakauma. Nilikuwa na hasira, sitaki kuwadanganya. Nilitamani kuwasomea orodha ya zile ndoa kumi na saba, moja baada ya nyingine, pamoja na majina ya watoto waliozaliwa. Badala yake nikasema, "Utu uzima huo, jamani," wakacheka upya.

Mwisho Adamu akarudi kwenye kioo anafuta machozi.

"Naima anamtaka huyo kijana?"

"Anamtaka."

"Na ana watu?"

"Anao. Unawaona walivyo."

Akatikisa kichwa. Mkewe akamnong'oneza kitu sikioni, naye akaitikia.

"Haya, sikilizeni wote, muwe mashahidi. Wale wa kesho waje tu tunywe nao chai." Hapo akanikazia macho, na mdomoni nikaona kile kicheko cha mtoto wa kaptula aliyesubiri miaka hamsini. "Posa yako nimeipokea, Halfani."

Nyumba nzima ya Uingereza ikalipuka. Yeye hakucheka. Alinyamaza, akawa ananisubiri, na wenzake nao wakanyamaza mmoja mmoja. Nikaelewa anachosubiri. Mezani, kwenye ile simu nyingine, Naima alikuwa bado yuko hewani na hakutoa hata pumzi, kama nilivyomwagiza.

Nikavua kofia.

"Shikamoo, baba mkwe," nikasema.

"Marahaba, mwanangu," Adamu akaitikia, wala hakusita.