Swichi Sita za Kaka

Kaka mtu alikuwa fundi wa mitandao ya kompyuta, na chumbani kwake alikuwa na swichi sita, vile visanduku vyenye milango ya kuchomekea nyaya za mtandao, ambazo hakuna aliyewahi kuzishika. Zilikuwa swichi za kuigiza, zote zikiishi ndani ya kompyuta moja kuukuu iliyonguruma kutwa kucha. Hapo ndipo alipomfundisha kazi mdogo wake wa kike, kwa utani mwingi: "Vunja utakavyo, mama, humu hamna chuma."

Siku mbili kabla hajafa, akiwa kitandani hospitalini, alimwambia, "Nimewaandikia maneno mle, wewe na Mama. Yako kwenye maelezo ya kila mlango wa swichi. Nilikuwa sijamaliza waliponibeba."

Baada ya mazishi binti huyo akaenda kuhamisha vitu vya kaka yake. Kompyuta ilikuwa bado inawaka. Akafungua swichi ya kwanza, akaona mistari ya maneno imejipanga mlango kwa mlango, moyo ukampasuka. Mwenye nyumba alisimama kizingitini akichezea funguo. Nitasoma nyumbani na Mama, binti akajiambia. Akanakili mafaili yote sita ya swichi kwenye diski, akazima kompyuta, akabeba diski. Wahenga walishasema yao kuhusu haraka, lakini nani huwasikiliza akiwa na machozi machoni?

Nyumbani, Mama alishavaa miwani, ingawa msomaji hakuwa yeye. Binti akaziwasha swichi kwenye kompyuta yake. Swichi ya kwanza ikaamka haina jina, milango mitupu, kama imetoka dukani asubuhi ile. Ya pili vilevile. Kufika ya sita alishajua. Swichi ikizimwa kabla ya kupewa amri ya kuhifadhi, husahau yote iliyoandikiwa. Hilo ni somo la siku ya kwanza. Kaka alibebwa kabla hajatoa amri hiyo, na yeye, ambaye angeitoa kwa sekunde moja, alinakili mafaili matupu akidhani amebeba kila kitu.

"Mbona husomi?" Mama akauliza.

"Nimeyafuta, Mama. Mimi mwenyewe, kwa mikono yangu."

Mama hakumkaripia, na afadhali angemkaripia. Alivua miwani.

"Hata kidogo hukusoma?"

"Niliona mistari tu. Nilitaka tuisome pamoja."

"Na mimi," Mama akasema, "aliniandikia nini?"

"Sijui, Mama," binti akajibu, akaangua kilio.