Marahaba ya Usingizini

Kushona mito ni kazi yenye majaribu. Fundi viatu havai viatu vya wateja wake, lakini mimi lazima nilalie ninachokiuza, la sivyo nitajuaje kama sufi imekaa vizuri kwenye pembe? Kwa hiyo mteja akinikuta mchana nimejinyoosha juu ya rundo la mito, mdomo wazi, namwambia niko kazini. Mume wangu ni fundi wa majokofu na hajawahi kulala ndani ya jokofu, ndiyo maana haoni cha kuchekesha hapo.

Chumba cha mbele cha nyumba yetu ndicho karakana. Kuna meza ya kukatia kitambaa, cherehani karibu na dirisha, na magunia ya sufi yaliyopangwa hadi juu. Ukifungua gunia, nyuzi nyepesi zinapanda hewani na haziteremki upesi. Zinakaa kwenye mwanga wa dirisha zikizunguka polepole, na mtu akikohoa zote zinahamia upande mmoja. Nimeishi ndani ya wingu hilo miaka mingi na ninalipenda. Nikiwa humo sina hakika sana ni kipi nimekiona na kipi nimekiota, na kwa kawaida jambo hilo halimdhuru mtu.

Binti yetu tunamwita Chiriku kwa sababu ya mdomo wake. Alipokuwa mdogo alikuwa anaongea hata anapopiga mswaki, na majirani walijua tumekula nini kabla hatujaosha vyombo. Alipotimiza miaka kumi na mitano akanyamaza. Tukasema mtoto amekua. Nakumbuka nilifurahi kidogo kwa ule utulivu, na cherehani yangu ikasikika vizuri.

Alikuwa anaongea sana, kumbe, ila si na sisi. Kwenye kundi moja la mtandaoni la vijana wanaopenda kuchora alipata rafiki, mvulana wa miaka kumi na sita, anasoma mji wa jirani. Kwenye simu alimwandika "Mwenzangu". Nilionyeshwa picha mara moja tu, kijana mwembamba ameshika mpira, kisha simu ikageuzwa. Nikiuliza swali napewa neno moja. Bando lake lilikuwa haliishi. Mimi nilidhani baba yake ndiye anayemwekea, na baba yake alidhani ni mimi.

Siku moja Chiriku aliweka simu yake kwenye chaji karakana, akaenda dukani kuninunulia nyuzi. Mchana ulikuwa wa joto, na mimi nilikuwa napima mto wa mteja kwa namna yangu. Nikaota niko kwa baba yangu, ambaye alifariki kabla Chiriku hajazaliwa. Baba alikuwa na desturi ya kutuamsha kwa sauti ya chini, akiwa amesimama mlangoni, hataki kutushtua. Nikamwona amesimama. Kitu kikalia katikati ya mito, mkono wangu ukakitafuta wenyewe, ukakileta sikioni.

"Umeamka?" iliuliza sauti ya kiume, polepole.

"Shikamoo baba," nikasema.

"Marahaba mama."

Ilimtoka hivyo, bila kufikiri. Mvulana wa miaka kumi na sita ukimwamkia atacheka, au atageuka nyuma aone ni nani anayeamkiwa. Hii ilikuwa marahaba ya mtu aliyezoea kuamkiwa asubuhi na jioni, nzito, iliyolainika kwa kutumika. Nilipofumbua macho baba yangu hakuwepo, sufi zilikuwa zinaelea juu ya uso wangu, na simu niliyoshika haikuwa yangu. Kwenye kioo chake paliandikwa "Mwenzangu".

Kwenye simu sauti yangu na ya Chiriku ni moja. Shangazi yake hutusema kwa zamu na hajui wakati huo anamsema nani. Nikashikilia pumzi. Upande wa pili pakawa kimya, kisha ikaja sauti nyingine, nyembamba, ya kijana: "Ah, we nawe, unaniamkia kama mzee?" Akakata.

Niliirudisha simu pale nilipoikuta. Chiriku aliporudi na nyuzi nilimwambia yote, kwa haraka, kabla hayajaniponyoka kama ndoto zinavyoponyoka. Alinisikiliza huku akichomoa simu kwenye chaji.

"Mama, ulikuwa umelala."

"Nilikuwa nimelala, sikatai. Yeye hakuwa amelala."

"Mwezi uliopita ulisema kuna mteja anataka mito ya kochi, ya kijani. Tukashona. Kumbe uliota. Mito ya watu ambao hawapo duniani."

Hilo lilikuwa kweli. Mito yenyewe bado ilikuwepo, juu ya kabati, ya kijani kabisa.

Jioni nikamweleza mume wangu jikoni. Alikuwa ananawa mikono, na mafuta ya mashine yakawa yanateremka kwenye sinki. Alifunga bomba.

"Ilete hiyo simu niivunje."

"Ukiivunja ataongea naye kwa simu ya rafiki yake, na sisi tutakuwa wa mwisho kujua."

"Basi niambie kitu kimoja, Mama Chiriku. Una hakika hukuota?"

Nikasema nina hakika. Lakini nilichelewa kidogo kusema, naye akaona. Tangu hapo niliogopa kwa namna mbili. Niliogopa kwamba nilichosikia ni kweli, na niliogopa kwamba sitaaminiwa mpaka iwe imechelewa. Mchana nilikaa kwenye cherehani nikairudia ile sauti kichwani, na kila nikiirudia inazidi kufifia, hadi nikawa sijui kama naikumbuka au naitunga.

Chiriku ndiye aliyetaka tumalize ubishi. Alikuja karakana, akakaa juu ya gunia, akaweka simu kwenye spika, akampigia. Baba yake alisimama mlangoni amefunga mikono kifuani.

"Shikamoo," akasema Chiriku, akinitazama.

Kijana akacheka. "Umeanza tena? Kwani leo nimeota mvi? Mimi rika lako bwana, niambie mambo." Sauti nyembamba, changamfu, haina dosari. Wakaongea kidogo kuhusu michoro, wakaagana. Uso wa Chiriku uliwaka kwa furaha ya kushinda, na kwa furaha hiyo mdomo wake wa zamani ukarudi kwa dakika moja, akasema zaidi ya alichokusudia.

"Na Jumamosi naenda kuonana naye. Mtaona wenyewe. Amesema niende peke yangu kwa sababu ana haya."

Baba yake akaifungua ile mikono. Alinyoosha mkono, akachukua simu, akaenda kufunga mlango wa mbele na kuchomoa ufunguo. Usiku aliviweka vyote chini ya mto wake, mto niliomshonea mwenyewe, akalala juu yake kama mlinzi wa benki. Chiriku alilia hadi sauti ikakauka. Baada ya hapo akaacha kula na sisi, na akaacha kunitazama.

Sijui nyumba nyingine huwa vipi zikipatwa na jambo hili. Yetu ilikuwa kama imejazwa sufi. Tulipishana ukumbini bila kugusana, sahani ziliwekwa mezani bila mlio. Mume wangu aliniambia, "Wewe ndiye unayeshinda naye hapa." Nami nikamwambia, "Na wewe ndiye uliyenunua simu." Tulipokwisha kuambiana hayo tukakaa kila mtu na upande wake wa kitanda, na katikati pangeweza kulala mtu wa tatu. Na mtu wa tatu alikuwepo. Sikuwahi kumwona, lakini alikuwa amekaa kwetu muda mrefu, anajua ratiba yetu, anajua binti yangu anachora nini, na sasa alikuwa ametugombanisha bila hata kuinuka alipo. Nilimchukia kwa moyo wangu wote.

Ijumaa nilikwenda kwenye mlango wa Chiriku. Haukufunguliwa. Nikakaa chini, nikauegemea.

"Sitaki uniamini," nikamwambia. "Hata mimi sijiamini siku hizi. Ila nisikilize. Mtu akiwa macho anajipanga, hata sauti. Ulimpigia akiwa macho, tena siku ile alishaponea chupuchupu, anakungoja. Mimi nilimkuta hajajipanga, kwa sababu hata mimi sikuwa nimejipanga. Ni hilo tu."

Nikasikia penseli inakwaruza karatasi, kisha ikaacha.

Usiku wa kuamkia Jumamosi nililala karakana, nimetandaza mito mbele ya mlango wa mbele, ili atakayetoka anikanyage kwanza. Nilikusudia nisilale. Wanaonijua watacheka.

Nilipofumbua macho dirisha lilikuwa limeanza kuwa jeupe, na sufi zilikuwa zinazunguka katika ule mwanga mchanga, taratibu, kana kwamba nyumba nzima inapumua. Chiriku alikuwa amekaa pembeni yangu. Alikuwa amevaa gauni lake la kutokea, viatu viko mapajani, ufunguo uko juu ya viatu. Baba yake, mlinzi wa benki, alikuwa anakoroma kule ndani. Nilidhani naota na nikaogopa kujitikisa. Angeweza kunivuka. Miguu yake ilikuwa karibu na bega langu, na mlango ulikuwa hatua chache tu. Lakini alikuwa ameshika simu sikioni, na ile simu ilikuwa inaita, inaita, nausikia mlio wake mdogo.

Ikapokelewa. Hakuna neno, ni mkwaruzo wa shuka na pumzi ya mtu aliyetoka mbali.

"Shikamoo," akasema Chiriku, polepole.

"Marahaba mwanangu." Ilikuwa ile ile. Nzito, laini, imejaa usingizi. "Mbona mapema hivyo leo? Njoo basi, ingia."

Kisha, ndani kabisa ya simu, kutoka chumba kingine cha nyumba ile, ikaja sauti ya mtoto wa kike:

"Baba, unaongea na nani?"

Simu ikakatwa. Sijui ni nani aliyeikata.

Nilijiinua. Nilikuwa nimeyatayarisha maneno mengi kwa siku hiyo, mengine makali, na yote yakanipotea. Nikamvuta kichwa chake kifuani, na hakunizuia. Alikuwa anatetemeka kwa ndani, kama cherehani inayozunguka bila kitambaa. Mimi nilifurahi, nakiri, nilifurahi kwa ubinafsi kabisa kwamba sikuota, na furaha hiyo ilinifia mikononi nilipomsikia anavyopumua.

"Alisema hana mtu wa kuongea naye," akasema. "Alisema nyumbani kwao hakuna anayemsikiliza. Nilikuwa namhurumia, mama. Nilimwombea."

"Najua."

"Vocha alikuwa ananitumia yeye. Nilijua hujui."

"Sikujua."

Baba yake alitokea mlangoni, nywele zimesimama, mto wake mkononi, bado anaupapasa akitafuta ufunguo. Akaona gauni, akaona viatu, akavuta pumzi ya kufoka. Nikamtikisia kichwa. Akatutazama sisi wawili tulivyokaa, akaelewa jambo fulani, akaja kukaa upande wa pili wa binti yake, juu ya mito ya watu, na ile suruali yake ya kazi. Alichukua kiatu kimoja cha Chiriku akawa anakifuta vumbi kwa kidole gumba, kiatu ambacho hakikuwa na vumbi.

Asubuhi ilipopambazuka tulikwenda kituo cha polisi, kwenye dawati la watoto, sote watatu. Askari tuliyemkuta alikuwa mama wa makamo mwenye sauti ya upole. Alichukua simu, akatuambia tusifute ujumbe hata mmoja, wala tusiizuie namba ya yule mtu, asije akashtuka na kupotea. Akamwambia Chiriku kwamba hana kosa, na akasema mara mbili, kwa sababu mara ya kwanza Chiriku alikuwa anatazama sakafu. Alimuuliza mambo ambayo mzazi asingependa kuyasikia. Mume wangu alisikiliza yote akiwa ameshika ukingo wa benchi. Mimi nilijibu pale nilipoulizwa, na niliposimulia habari ya kulala kazini askari hakucheka, aliandika tu.

Yalipokwisha, akafunga kalamu. "Sasa mpelekeni nyumbani apumzike. Mmewahi. Huyu yuko salama."

Mume wangu akasimama. Nami nikasimama, nikashika mkoba, na kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi nikahisi njaa. Chiriku hakuinuka.

"Bado," akamwambia askari. "Kuna mwingine. Yumo mle ndani, nyumba moja naye. Nyie mnanirudisha mimi nyumbani, na yeye yuko nyumbani."

Askari akafungua tena kalamu. "Ni nani huyo? Ana umri gani?"

"Sijui," akasema binti yangu. "Alimwita baba."