Kibao cha Shaba cha Mzee Sirili

Mafundi wa gesi walipoanza kulikata tangi la injini ya mvuke karibu na stesheni ya Moshi, Theodora alikuwa amesimama kando ya reli, barua mkononi. Barua ilisema mkaguzi wa mambo ya kale hakuona namba wala jina la kiwanda, hivyo injini isingeweza kuorodheshwa kama urithi wa mkoa. Ikauzwa kama chuma chakavu.

Tangu amalize chuo, miaka miwili iliyopita, alikuwa akiomba jambo moja tu: injini ibaki, iwekewe paa, watoto wa mtaa wa Pasua waione.

"Dada, sogea. Cheche hazijui msomi," fundi mmoja akamtania.

"Unajua hii imebeba kahawa ya mlima mzima?"

"Sasa itakuwa nondo. Itabeba maghorofa." Wenzake wakacheka.

Saa sita, tangi likiwa vipande viwili, mzee Sirili akafika kutoka Old Moshi. Ndiye mchocheaji moto pekee wa injini ile aliyebaki hai. Ndiye aliyemfundisha Theodora kila vali.

"Shikamoo, babu."

Mzee alifungua furushi la majani makavu ya mgomba. Ndani mlikuwa na kibao cha shaba cha injini, jina la kiwanda na namba vimesuguliwa hadi vinang'aa.

"Nilikifungua mwezi wa pili," alisema. "Wezi wa vyuma walishaanza kung'oa shaba. Nikakifukia kihambani, kwenye migomba yangu, nisimwambie mtu. Nikasema siku ya sherehe ya kuiwekea paa nitakirudisha mwenyewe."

"Mkaguzi alikuja mwezi wa nne. Ulikuwepo, babu. Aliuliza namba."

"Nilimtajia. Nilidhani neno langu linatosha."

Mzee akatoa jani la isale ndani ya koti, akamnyooshea Theodora kwa mikono miwili. Uchaggani, aliyekosewa akiletewa isale hana ruhusa ya kukataa msamaha. Lakini Theodora hakuwahi kuona mzee akimpelekea binti.

"Bado nina hasira, babu."

"Pokea na hasira zako. Mikono inaniuma."

Theodora akalipokea. Kisha akamshika mzee kiwiko, akamgeuza taratibu kuelekea barabarani. Mafundi walikuwa wanahamia kwenye tanuri, pale mzee alipochochea moto miaka kumi na tisa, na Theodora hakutaka alione likikatwa.