Kikapu cha Simu za Wageni

Torkild, mume wangu, alitimiza miaka sabini siku ya Jumamosi, na Jumatatu yake alikuwa na miadi kwa daktari wa ugonjwa wa kusahau. Miadi niliiomba mimi. Binti yetu Pernille alisema tungoje kwanza sherehe ipite, nikamjibu kwamba keki haijawahi kumponya mtu.

Sikukurupuka. Tangu majira ya baridi nyumba yetu ilikuwa imegeuka nyumba ya vioja. Ufunguo wa mlango tuliukuta kwenye friza, chini ya njegere. Sufuria ya viazi iliungua hadi kitako kikawa cha kutupwa. Baiskeli ililala siku mbili mbele ya maktaba mpaka mtu wa maktaba akaja kutuuliza kama tumeitelekeza. Kila mara nilikuwa naita, “Torkild!” naye anatoka bandani na grisi mikononi. Mwanzoni alibisha. “Si mimi, mama Pernille. Hiyo sufuria sijaigusa.” Nami nilimshukia kama mvua, maana mtu akikosea akiri, yaishe. Baadaye akaacha kubisha. Akawa anasimama tu, anakuna shingo, anasema, “Basi pengine ni mimi.” Siku ya kwanza aliposema hivyo niliingia bafuni nikalia. Kisha nikanawa uso, nikampigia daktari.

Nampenda mume wangu, hilo halina mjadala. Ndiyo maana nilikuwa mkali.

Siku ya sherehe tulipandisha bendera bustanini, na nyingine ndogo za karatasi tukazichomeka mezani na kwenye keki. Mkate mweusi ulikuwepo, samaki wa siki walikuwepo, na chupa ya snaps, pombe kali ya huku, aliyoileta kaka yangu Verner, ambaye huleta chupa ili apate wa kumsaidia kuinywa. Wageni walikuwa wanane, Pernille na Verner wakiwemo. Pernille aliwasimamisha mlangoni na kikapu cha ukindu mkononi.

“Simu zote humu,” alisema. “Leo tunazungumza kwa midomo.”

Wakatii huku wananung'unika. Verner aliibusu ya kwake kabla ya kuitumbukiza. “Kwaheri mpenzi,” akaiambia, “huku wananitesa.” Yangu ilikuwa juu chumbani, na Torkild peke yake ndiye aliyebaki na simu mfukoni, ile yake ya vitufe.

“Hii haijui hata kupiga picha,” alisema. “Itamkera nani?”

Sasa, kulikuwa na kikapu kingine. Wiki ile Torkild alikuwa amesafisha droo ya makorokoro, ile ambayo kila nyumba ya huku inayo: simu zilizokufa, chaja zisizo na mwenyewe, saa ya mkononi iliyojaa maji. Akavitia vyote katika kikapu kilichofanana na kile cha mlangoni kama pacha, maana vyote viwili nilivinunua mimi soko moja. Akakiweka nyuma ya mlango wa jikoni, akisubiri kukipeleka kwenye mashine. Supamaketi yetu imeweka mashine ya kukusanya simu na vyombo vya umeme vilivyochoka, ubavuni mwa ile ya kurudishia chupa. Unaingiza kifaa, inakuuliza kama ni chako na kama umeshafuta mambo yako ndani, unabonyeza ndiyo, inakimeza. Hailipi hata krona moja. Ndani ina masanduku yasiyopitisha moto, kwa sababu betri iliyochoka huweza kuwaka yenyewe, na kila kitu huenda kiwandani kikiwa kimefungwa kwa kufuli. Torkild aliipenda mashine ile kupita kiasi. Takataka zetu tunazigawa mafungu kumi, naye anayajua yote kama sala.

Asubuhi, mbele ya kila mtu, alikuwa amesema, “Nikipata nafasi nitakipeleka kile kikapu.” Nilimwambia leo ni siku yako, kaa chini.

Tukala, tukaimba wimbo ambao Pernille alimtungia baba yake, beti kumi na moja, na mashairi yake yalichechemea vibaya. Kisha wageni wakatoka kwenda bustani ya nyuma kucheza mchezo wa kurusha vijiti. Mimi nilifungua jokofu nikaona krimu ya keki haipo. Torkild alikuwa amesimama karibu na sinki. Nikamwambia akimbie supamaketi akalete krimu. Hilo nalikumbuka vizuri, hata mgongo wake naukumbuka. Kisha miguu ilikuwa inaniuma, nikapanda juu kubadilisha viatu, nikaketi kidogo kitandani.

Niliposhuka, wageni walikuwa wamerudi ndani na Pernille alikuwa anamimina kahawa. “Mama, krimu iko wapi?”

“Muulize baba yako. Nimemtuma yeye.”

Torkild alikuwa anaingia na kreti ya bia kutoka bandani. “Umenituma wapi?”

“Supamaketi, Torkild! Krimu!”

“Hukunituma. Ulisema unakwenda mwenyewe.”

Nikamwangalia Pernille kwa jicho la unaona sasa. Pernille akaangalia kahawa. Verner, aliyekuwa amesinzia kwenye kiti tangu wimbo, akafumbua jicho moja, akasema, “Shemeji, miaka sabini imekupiga kabla hata ya jua kuzama.” Watu wakacheka. Torkild naye akacheka, kwa kuchelewa.

Tungekula keki bila krimu na mambo yakaisha. Lakini Pernille alitaka kuipiga picha keki, akaenda mlangoni kuchukua simu yake, akarudi mikono mitupu.

“Kikapu hakipo.”

“Kimo jikoni,” nikasema. “Nyuma ya mlango.”

Akaenda, akarudi nacho, akakiweka mezani. Simu zilizokufa, chaja, saa iliyojaa maji. Tukakitazama. Nilielewa kabla yao, au nilidhani nimeelewa.

“Torkild,” nikasema polepole, “umepeleka kikapu gani?”

“Sijapeleka kikapu.”

“Baba, hebu fikiri,” Pernille akasema. “Ulitoka?”

“Nilikuwa bandani.”

“Nani alikuona bandani?”

Hakuna aliyemwona. Alisimama katikati ya wageni wake, na bendera ya karatasi ambayo mtu alikuwa amemchomekea mfukoni mwa shati, akakuna shingo. Niliwahi kumwona amefiwa na hakuwa na uso ule.

“Basi pengine nilienda,” alisema. “Mama Pernille akisema nilienda, nilienda.”

Tukaondoka wote kwa miguu, msafara mzima na nguo za sherehe. Supamaketi iko karibu, nyuma ya kanisa. Pernille alichukua simu ya vitufe ya baba yake, akapiga namba yake mwenyewe, na mashine ikaanza kuita. Kijana mmoja aliyekuwa anarudisha chupa akaacha, akaisogelea, akatega sikio.

“Inaimba,” akasema.

“Ni mimi,” Pernille akamjibu. Akapiga ya Verner. Ndani ya tumbo la mashine ukatoka mlio wa jogoo.

“Mpenzi wangu!” Verner akapiga kelele. “Yu hai!”

Mimi sikucheka. Nilikuwa nimemshika Torkild mkono kama ashikwavyo mtoto kwenye barabara ya magari, na yeye aliniachia nimshike. Nilikuwa na huruma na hasira, na chini yake, niseme kweli, ahueni kidogo. Sasa kila mtu ameona. Jumatatu hakuna atakayesema mimi, Bodil, nina haraka.

Kwenye mashine pameandikwa namba ya mtu wa zamu, kwa ajili ya moto. Pernille akapiga. Akaja dada mmoja aliyevaa koti la njano, jina lake Maiken, na funguo kiunoni. Alisikiliza, akatikisa kichwa.

“Samahani sana, lakini siwezi kufungua tu. Kilichoingia humu kimeshahesabika ni taka ya betri, kina sheria zake. Nikimpa kila anayeomba, wezi watanipangia foleni.”

Pernille akapiga tena namba yake. “Lakini unasikia zinaita!” akasema.

“Nasikia, na zinanipa wasiwasi. Kuna njia moja. Aliyeviweka aseme mwenyewe kwamba amekosea, nami niufananishe uso wake na picha. Mashine humpiga picha kila mtu. Aliweka nani?”

Tukamwangalia Torkild. Sina haja ya kupamba: tulimwangalia wote, nami nikamsukuma kidogo mbele.

“Ni mimi,” Torkild akasema.

“Una hakika, mzee?”

“Mke wangu anasema ni mimi.”

Maiken akafungua kidirisha cha ubavuni, akabonyeza, akasubiri. Akatazama kioo, akamtazama Torkild, akarudi kwenye kioo.

“Siyo wewe,” akasema. Kisha akageuza macho akatutazama wengine, mmoja mmoja, yakasimama kwangu. “Mama, hebu sogea.”

Nikasogea. Kwenye kioo kulikuwa na mwanamke mzee. Nilichokiona kwanza ni gauni, nikajiuliza ni nani huyu aliyenunua gauni kama langu, la buluu, na kishikizo cha fedha pale pale. Alikuwa ametabasamu vizuri, kama mtu anayepigwa picha ya pasipoti. Mkononi ana simu ya Verner. Viatu havikuonekana.

“Kuna makosa,” nikasema. “Mimi nilikuwa juu. Nilikuwa nabadilisha viatu.”

Pernille akatazama miguu yangu. Verner naye akaitazama. Nikaitazama na mimi. Viatu vilikuwa vile vile vya asubuhi.

Nilirudi kichwani mwangu kama mtu anayerudi chumbani kutafuta kitu. Nikakuta jokofu, nikakuta mgongo wa Torkild, nikakuta kitanda. Kati ya mgongo na kitanda hakukuwa na kitu, na sikuwahi kujua kwamba hakuna kitu, kwa sababu pengo halikuuma. Mashine ilikuwa imeniuliza mara nane kama simu ni yangu. Mara nane nilibonyeza ndiyo.

“Mama?” Pernille alisema, na sauti yake ilikuwa ile anayotumia kwa baba yake.

Ndipo Torkild akakohoa. “Nilimtuma mimi,” akamwambia Maiken. “Nilimwambia, chukua kikapu kile upeleke mashineni. Nikamwonyesha kisicho chenyewe. Yeye amefanya nilivyomwambia.”

Maiken akaniuliza, “Ni hivyo, mama? Ulikosea kikapu?”

Wote walikuwa wananisubiri. Nikasema, “Nimekosea,” na hilo lilikuwa kweli kwa namna yoyote utakayoligeuza. Akafungua. Simu nane zilikuwa zimelala kwenye vishubaka vyake, safi, na moja ilikuwa bado inaita. Wageni wakachukua kila mtu yake bila kelele, wakaanza kurudi kwetu kula keki. Verner akapita karibu yangu, akanigusa bega, akasema, “Dada,” akaenda zake.

Mimi na Torkild tukabaki nyuma. Tulipofika kanisani nikasimama.

“Ulinituma?”

“Nilikutuma.”

Torkild hajui kusema uongo. Miaka arubaini na minne ya ndoa, akijaribu tu masikio humwiva mekundu. Nikayatazama masikio yake, yakaniambia yote, na bado nikaendelea kumhoji.

“Ufunguo kwenye friza?”

“Mimi.”

“Sufuria ya viazi?”

“Mimi hiyo.”

“Baiskeli ilikuwa yangu, Torkild. Wewe kwa urefu wako huwezi hata kuipanda, kiti kimeshushwa.”

“Nilikunja magoti,” akasema. “Nilipata shida sana.”

Nilicheka, kisha kicheko kikanikatikia. Nilikuwa nimemtwisha mtu huyu makosa yangu miezi mingi, nikamfundisha kujitilia shaka, na yeye akakubali, kidogo kidogo, mpaka alipokuwa tayari kukiri mbele ya mashine jambo ambalo hakulifanya. Nikamwambia samahani. Ilikuwa ndogo kuliko nilivyotaka. Akashika kifungo cha koti langu ambacho kilikuwa kimeshafungwa, akakifungua, akakifunga tena.

“Naogopa,” nikamwambia.

“Na mimi.”

Kutoka kwetu zilisikika sauti, walikuwa wameanza tena kuimba, wamelewa, ubeti wa kwanza kwa mara ya pili.

“Ile miadi ya Jumatatu,” nikasema. “Mwambie Pernille abadilishe jina, aweke langu.”

“Nitamwambia.”

“Mwambie leo, Torkild. Usiniachie mimi.”