Mkono Juu ya Meza

Carmelo Vassallo alikuwa ameigiza miaka thelathini na mmoja bila kujulikana hata na muuza nyama wa mtaani kwake. Kazi zake zilikuwa zile tamthilia za majaribio ambazo watu kumi na wanane huketi na makoti yao ndani ya ghala la zamani la sufu, kule Footscray, kitongoji cha Melbourne, wakimtazama mtu mzima akila kitunguu kibichi kwa saa nzima. Na filamu za marafiki, zilizopigwa jikoni kwa shangazi ya mtu. Mke wake wa kwanza aliyaita yote hayo ugonjwa.

Jina lilikuja akiwa na miaka hamsini na minane, kwa filamu moja, na ndani yake kwa kipande kimoja tu: mume na mke wa makamo wako mezani, mke anazidiwa mbele ya mumewe, na mume anaufunika mkono wa mkewe kwa mkono wake. Dakika kumi na moja bila kukatwa. Picha ya mikono ile miwili ilibandikwa kwenye vituo vya tramu Melbourne nzima.

Mchana ule wa Jumamosi alikuwa amesimama mlangoni kwa Noelene Haddrick, aliyekuwa mke katika kipande kile, na mfuko wa pastizzi, sambusa za Kimalta za njegere, ukimchoma kiganja. Alikuja kuungama.

Maana Noelene hakuwa akiigiza. Kilikuwa kiharusi. Kundi lao la ghalani lilikuwa na sheria waliyoishika kama dini: lolote litokealo jukwaani, litumie, usisimame. Na ili mtu asije akafa kwa ajili ya sanaa, wakaweka alama moja: ukizidiwa kweli, piga kwa kiganja mara tatu, na kila kitu kinakoma. Noelene alipiga meza mara tatu. Muongozaji alikuwa mgeni, hakuijua alama. Carmelo aliijua. Aliona pia kwamba maisha yake yote hajapata kukaa mbele ya uso kama ule, na kamera inarekodi. Akaufunika ule mkono usije ukapiga tena. Ndivyo ilivyokuwa, tusimpambe.

Gwenda, dada yake Noelene, ndiye aliyefungua.

"Haa! Nyota mwenyewe! Kumbe njia bado unaikumbuka? Futa viatu, hapa si sinema."

Noelene alikuwa kwenye kiti chake, mkono wa kulia, uliopooza, umelala mapajani. Akacheka kwa upande mmoja wa mdomo.

"Carm, mzee. Umenenepa."

"Sifa hizo," Gwenda akadakia. "Zinashibisha kuliko mkate."

Wakala, wakawasengenya wenzao wa ghalani. Daktari alikwisha kumwambia Gwenda kwamba katika ugonjwa ule kila dakika ina bei yake, na Carmelo alikuwapo aliposema.

"Nimeitazama mara nne," Noelene alisema, maneno yakitoka mojamoja. "Siku ile siikumbuki kabisa, imefutika. Lakini naona nilivyofanya, mwenzangu. Pale ninapopiga meza mara tatu! Alama yetu, bwana! Nani mwingine angethubutu? Nilitaka nikutikise uvunje igizo. Na wewe wala! Ukanishika mkono. Siku ile, Carm, tulikuwa waigizaji."

Hapo angeweza kunyamaza, amalize chai, aende zake. Lakini miezi minane dhamiri ilikuwa ikimsuta, usingizi umemhama. Alitaka kuutua mzigo, na hakutazama anautua wapi.

"Hukuwa unaigiza," alisema. "Ulikuwa unaniambia nisimamishe. Nilijua, Noelene. Nilijua, nikakuacha dakika saba nzima."

Gwenda akaiweka birika chini.

"Ulijua?"

"Nilijua."

"Toka nje! Mshenzi we! Unakuja kula mezani kwetu—"

Noelene aliinua mkono wake mzima, na dada yake akanyamaza. Carmelo akasubiri. Njia nzima alikuwa amejitayarisha kwa matusi juu ya ule mkono mwingine, alikuwa tayari kupiga magoti.

"Kwa hiyo yule si mimi," Noelene alisema.

"Ni wewe, nani mwingine—"

"Ni mgonjwa tu. Mgonjwa yeyote angefanya vile." Akautazama mkono uliolala mapajani. "Miaka arobaini ya kuigiza, Carm. Watu wananikumbuka kwa zile dakika kumi na moja. Mkono nilishauzoea. Hizo ungeniachia."

"Nilidhani una haki ya kujua."

"Wewe ulitaka kulala. Nenda kalale."

Carmelo akanyanyuka. Radhi aliyokuja kuiomba hakujua tena angeiomba kwa kosa lipi kati ya mawili. Gwenda akamfungulia mlango. Alikuwa bado ukumbini anatafuta mkono wa koti aliposikia Noelene ameanza kulia, kilio kizito cha taratibu, pumzi ikikwama katikati na kuanza upya. Carmelo hakutoka. Alisimama pale na koti nusu mwilini, akisikiliza kwa makini mahali hasa pumzi ilipokuwa inakatikia, kama anayejifunza sehemu mpya ya kuigiza, hadi Gwenda akamsukuma nje.